Mwalimu na Mioyo Mitatu ya Pweza

Pweza ana mioyo mitatu na damu ya bluu. Nililijua hilo nikiwa darasa la tano, katika kijiji cha milimani upande wa Litembo, mahali ambapo hapakuwa na mtu hata mmoja aliyewahi kumwona pweza, na wengi wetu tulikuwa hatujaliona hata Ziwa Nyasa lililolala chini ya milima yetu. Tuliambiwa na Mwalimu. Alitamka, akatutazama kama mtu aliyegawa nyama, kisha akasema, "Andikeni hilo." Tukaandika. Kipindi kilikuwa cha hesabu.

Nimetembea sana tangu hapo. Nimeuza mitumba Songea, nimechekecha mchanga Tunduru nikitafuta vito walivyopata wenzangu, nimepakia mbao Njombe, nimekaa Kilwa msimu mzima bila sababu ninayoweza kuieleza. Kote huko nimekutana na wajinga na waongo, na wengi wao nimewapenda. Mwalimu hakuwa mjinga wala mwongo. Alijua mambo mengi kuliko mtu yeyote niliyewahi kukaa naye, yote yalikuwa ya kweli, na sijapata kumdharau mtu kama nilivyomdharau yeye.

Niseme mapema kwa nini, ili nisionekane nina chuki ya kuzaliwa. Nina dada mmoja, Fotunata, ambaye ni mdogo wangu. Alikuwa na akili kuliko mimi na kuliko watoto wote wa rika lake pale kijijini. Alichaguliwa kwenda sekondari katika mwaka ambao kahawa ya mama ndiyo ingempeleka, na kahawa hiyo ikaharibika kwa neno la Mwalimu. Hakwenda. Haya yote ninayosimulia, hata yale yanayochekesha, yamesimama juu ya hilo.

Mwalimu alikuwa mtu mrefu, mwenye shingo ndefu, na mwenyewe alipenda kutuambia kwamba twiga ana mifupa ya shingo sawasawa na binadamu, saba tu. Alivaa koti la kaki lenye mifuko minne, na mifuko yote ilijaa karatasi za maandazi. Hapo ndipo elimu yake ilipotoka. Maandazi ya senta yalifungwa kwa magazeti ya zamani, na soko huria lilipoingia magazeti yakawa mengi, ya rangi, yenye safu ndogondogo za mambo ya ajabu. Mwalimu alikuwa akinunua andazi, analifungua, analiweka pembeni lipoe, anasoma karatasi mbele nyuma. Mwenye duka alipoona hivyo alianza kumchagulia.

"Mwalimu, leo nina ya mambo ya wanyama."

"Mbele nyuma?"

"Nyuma ni matangazo ya vifo."

"Lete."

Ubaya ni kwamba andazi halifungwi kwa gazeti zima. Mwalimu alikuwa na robo ya habari, au nusu. Alijua kwamba kuna ndege anayelala huku akiruka, lakini jina la ndege lilikuwa limebaki kwenye andazi la mtu mwingine. Alijua kuwa asali haiozi, imekutwa makaburini mwa wafalme wa kale ikiwa nzima, ila ni nani aliyeionja na akapatwa na nini, hakujua, wala halikumsumbua. Yeye alitaka ule mshangao tu. Akishaupata, habari ilikuwa imekwisha kazi.

Sijawahi kumsikia akitumia jambo alilolijua. Hapo ndipo palipoanzia dharau yangu, hata kabla ya kahawa. Ukweli wake ulikuwa mvua inayonyesha ziwani. Alitufundisha kwamba mashimo yetu ya ngolo, yale tunayochimba kwenye miteremko na kupanda mahindi na maharage kwenye kingo zake, yanashika maji na udongo kiasi kwamba watu wa mbali wanakuja kuyapiga picha. Alilieleza vizuri, akachora ubaoni. Shamba lake mwenyewe lilikuwa juu ya shule, kwenye mteremko mkali, na alikuwa amelima matuta ya moja kwa moja kuteremka chini. Mvua za kwanza zilipokuja, udongo wake wote ulihamia kwenye uwanja wetu wa mpira. Tuliusafisha sisi wanafunzi kwa majembe, naye akisimama kando akitueleza kwamba kijiko kimoja cha udongo kina viumbe wengi kuliko watu wote duniani.

Mke wake alikuwa mwanamke mfupi mwenye sauti kavu. Alipoulizwa na majirani kama mzee yupo, alikuwa akijibu, "Yupo, ila amekwenda." Mama aliwahi kumkuta akipasua kuni peke yake huku Mwalimu amekaa kwenye kigoda akiongea.

"Anakwambia nini leo?" mama akamuuliza.

"Ananieleza binadamu alivyogundua moto."

"Na wewe?"

"Mimi namwambia huyo binadamu aje anisaidie."

Misibani alikuwa balaa. Alizikwa jirani yetu, mzee aliyeheshimika, na wanawake walikuwa wamekaa na mjane chini, kwenye mikeka, wakimfariji. Mtu mmoja akasema kwa huruma tu kwamba marehemu alionekana kama ndevu zimemwota tangu jana. Mwalimu, aliyekuwa kwenye benchi la wanaume nje ya mlango, akainuka kuja kusahihisha. Akaeleza, kwa sauti ile ya darasani, kwamba ndevu na kucha za maiti haziendelei kuota hata kidogo, ni ngozi inayosinyaa na kurudi nyuma. Mjane aliangua kilio hadi ikabidi katekista asimamishe sala. Mwalimu akarudi kwenye benchi, akamnong'oneza aliyekaa karibu naye, "Watu wengi hawalijui hilo."

Harusini vilevile. Alimpongeza bwana harusi mmoja kwa kumweleza habari za vunjajungu jike na anavyomla dume wake baada ya kupandwa. Bibi harusi alicheka kwa adabu. Mama mkwe hakucheka.

Vibanda vya video vilipofika Mbinga mjini, vijana wa kwetu walikuwa wakitembea mchana kutwa kwenda kutazama filamu za ngumi. Mwalimu naye alikwenda mara moja, akasimama nyuma. Katikati ya pigano kubwa, wakati jambazi mkuu anapigwa kama ngoma, alitangaza kwamba ule mlio wa ngumi hautoki kwenye ngumi. Kuna mtu chumbani mahali fulani anapiga kipande cha nyama mbele ya kinasa sauti.

"Mwalimu!" kijana mmoja akapiga kelele gizani. "Sisi tumelipia ngumi. Nyama ungekula kwako!"

Kibanda kikacheka, wakamtoa nje kwa heshima, wawili wamemshika mikono, mmoja amembebea kofia. Nje aliwauliza kama wanajua kwamba tembo hawezi kuruka. Wakarudi ndani wakamwachia kofia yake kichwani.

Lakini nisimpunje. Kuna jambo moja alilifanya ambalo hakuna mwalimu mwingine wa shule yetu aliyelifanya. Alitupeleka ziwani. Aliomba lori la misheni lililokuwa linateremka kupeleka vitu Liuli, akatupanga nyuma kama magunia, na siku hiyo nikaona maji ambayo hayana ng'ambo. Nadhani miguu yangu haijatulia tangu siku ile. Kama kuna kitu alinipa ni hicho, na hata hicho hakukikusudia, kwa maana yeye hakutupeleka tukaone ziwa. Alitupeleka tukaone jiwe.

Jiwe lile liko pale Liuli, majini karibu na ufuko, na ukilitazama kutoka upande mmoja linafanana na sanamu ile ya Misri yenye kichwa cha mtu na mwili wa simba. Wajerumani waliita bandari yao kwa jina la sanamu hiyo. Mwalimu alitusimamisha mchangani akatueleza kwamba hapo hapo, vita kuu ya kwanza ilipoanza, meli ya Waingereza ilikuja ikaipiga meli ya Wajerumani iliyokuwa imepandishwa nchi kavu kutengenezwa, na nahodha wa Kijerumani alikuwa hana habari kwamba kuna vita. Manahodha hao wawili walikuwa marafiki, walikuwa wakinywa pamoja. Mjerumani alidhani mwenzake amelewa.

Tulicheka sana. Bibi mmoja aliyekuwa anafua nguo karibu nasi alikuwa anasikiliza. Akasimama, maji yakimtiririka mikononi.

"Mwalimu, shikamoo."

"Marahaba, mama." Mwalimu alikuwa mdogo kwake kwa mbali, lakini ualimu ulimzoesha kuitikia.

"Huyo Mzungu hakuambiwa kama kuna vita."

"Hakuambiwa."

"Na watu wa hapa waliambiwa na nani?"

Mwalimu akageukia maji. Kisha akasema kwamba ziwa hili lina aina nyingi za samaki kuliko ziwa lolote duniani. "Andikeni hilo," akatuambia. Hatukuwa na kitu cha kuandikia. Bibi akarudi kwenye nguo zake.

Kwa nini basi watu walimpenda? Kwa maana walimpenda, na hili ndilo lililonitia hasira zaidi. Kilabuni alikuwa haishiwi pombe ya ulanzi. Watu waliochoka, waliotoka mashambani na tope hadi magotini, walikuwa wakimwekea nafasi.

"Mwalimu, tupe moja ya kulalia."

"Mwanga wa jua," anaanza, "unachukua kama dakika nane kufika hapa."

"Unatembea au unapanda gari?"

"Unatembea kasi kuliko kitu chochote."

"Basi dereva wetu wa basi la Songea aambiwe!"

Wanacheka, anacheka nao, kibuyu kinazunguka. Wanarudi nyumbani wakijiona wamepata kitu. Nafikiri katika miaka ile, wakati kila kilichokuwa chetu kilikuwa kinaondoka mkononi, ilikuwa raha kupewa kitu cha bure ambacho hakuna mtu angekuja kukidai. Nawaelewa. Mama alikuwa mmoja wao. Mama hakusoma, na kwake mtu aliyejua idadi ya mioyo ya pweza hakuweza kukosea kuhusu kahawa.

Sasa kahawa yenyewe.

Kabla ya soko huria, chama cha msingi cha ushirika ndicho kilichonunua kahawa yetu yote. Kilichelewesha malipo na kilitukera, lakini kilileta dawa na vipuri vya mashine za kumenyea. Kisha wanunuzi binafsi wakaruhusiwa. Walikuja na malori na mizani zao, wakanunua kwa furaha, wakaondoka kwa furaha, na vipuri havikuwa kazi yao. Chama kikabaki jengo lenye popo. Mashine ya mkono ambayo nyumba kadhaa za upande wetu tulikuwa tunaitumia kwa zamu, ile inayotoa ganda jekundu la nje ili punje zioshwe na kuanikwa, ilivunjika meno katikati ya mavuno. Matunda yalikuwa tayari mtini, mekundu, yanaanguka. Mimi nilikuwa nimerudi kwa msimu, mikono mitupu kama kawaida yangu. Barua ya Fotunata ya kuchaguliwa ilikuwa imefika, na kila mtu pale kwetu alijua kahawa hiyo ni ya nini.

Wanawake walikuwa wamekaa uani kwa mama wakifikiria kutwanga taratibu kwenye vinu, jinsi walivyofanya mama zao. Ni kazi ya kuvunja mgongo. Mwalimu akapita.

"Mnahangaika nini?" akasema. "Huko Uhabeshi, kahawa ilikotoka, wengi hawamenyi. Wanaanika tunda zima. Linakauka na ganda lake kama zabibu."

"Na wanauza?" mama akauliza.

"Wanauza dunia nzima."

Ungeweza kuusikia mgongo wa mtu ukipumzika. Fotunata, aliyekuwa anachambua matunda mabovu, akainua kichwa.

"Mwalimu, na huko kwao kuna ukungu kama wetu?"

"Swali zuri sana," Mwalimu akasema. Akafikiri. "Unajua, huko kwao mwaka una miezi kumi na tatu."

Wanawake wakashangaa. Kumi na tatu! Wakaanza kuuliza huo wa ziada unaitwaje. Swali la dada yangu likafia pale, mbele ya macho yangu, kama kifaranga kilichokanyagwa na mtu anayekimbilia ngoma.

Wakaanika. Mtu wa milimani kwetu anajua miezi ile ya baridi ilivyo: kunakucha hakuonekani mti wa jirani, jua linachungulia mchana na kuondoka. Punje iliyomenywa na kuoshwa inaweza kuvumilia, inakauka polepole kwenye kichanja. Tunda zima lenye utomvu wake haliwezi. Haukupita muda matunda yalianza kunata, yakatoa kuvu nyeupe, yakanuka kama pombe iliyosahauliwa. Wakamwendea Mwalimu tena. Na hapo akatoa ushauri pekee wa maisha yake uliotokana na mambo yetu wenyewe.

"Mahindi yenu mnayakaushia wapi mvua zikiwepo?"

"Uchagani, Mwalimu."

"Basi."

Kila jiko la kwetu lina uchaga juu ya moto. Mahindi yanakaa huko mwaka mzima, moshi unayakausha na kuyalinda na wadudu, na hakuna aliyewahi kulalamika kwamba ugali unanuka. Lilionekana jambo la wazi kiasi kwamba watu waliona aibu kutolifikiria. Kahawa ikapandishwa. Mama alikoka moto wa kuni mbichi asubuhi na jioni, macho mekundu, akikohoa, na kwa kweli ilikauka. Ilikauka vizuri. Ukitikisa tunda, punje inalia ndani. Mama alikuwa akinitikisia sikioni, akicheka. "Sikia shule ya mdogo wako," aliniambia.

Mnunuzi alikuwa kijana wa mjini mwenye miwani ya jua aliyoivaa hata ndani ya nyumba. Alipasua tunda, akauma punje, akaisogeza puani. Akapasua la pili. Akatema.

"Mama, hii mtu akiinywa atadhani amekunywa jiko."

"Ni kavu lakini, mwanangu. Sikiliza."

"Kavu ni kavu. Inanuka moshi hadi ndani. Siwezi kuichanganya na ya wenzako, itaniharibia gunia zima."

Alikwenda nyumba inayofuata, akakuta hivyo hivyo, na inayofuata. Waliosalimika ni wachache waliotwanga kwenye vinu, kwa kuwa walikuwa watu wagumu wasioamini mtu. Kahawa yetu tuliimwaga shambani iwe mbolea, na harufu ya moshi ilikaa kwenye migomba hadi mvua zilipokuja.

Jioni ile mnunuzi alipoondoka Fotunata alikaa kwenye kizingiti. Ndipo akasema jambo ambalo sijaweza kulimeza hadi leo.

"Kahawa inanyonya harufu," alisema. "Ukiiweka karibu na samaki inanuka samaki, ukiiweka karibu na mafuta ya taa inanuka mafuta ya taa. Melini wanaipakia mbali na ngozi."

"Nani kakwambia?"

"Mwalimu. Mwaka jana, darasani."

Nikamtazama. "Ulijua, na hukusema?"

"Alijua yeye. Nilidhani mtu akijua vyote viwili, ameshavipima."

Hajapata kutokea mtu aliyemweleza Mwalimu vizuri kuliko mtoto yule. Alijua vyote viwili. Kichwa chake kilikuwa nyumba ya wageni: ukweli mmoja umelala chumba hiki, mwingine chumba kile, na hata siku moja kweli hizo hazikusalimiana ukumbini. Mwongo angejipanga, mjinga angeogopa, angeuliza. Yeye alikuwa na dawa na sumu mfukoni pamoja, zimefungwa kwenye karatasi za maandazi, na akatugawia alichokishika kwanza.

Alikuja kutusalimia baada ya hapo. Nilisubiri aseme neno. Neno moja lingetosha. Mama angelipokea, mama alikuwa mtu wa kupokea. Alikula ugali wetu, akanawa, akamuuliza mama kama anajua kwamba ndizi, kwa wataalamu wa mimea, ni tunda la kundi moja na nyanya na si tunda la mti kwa sababu mgomba si mti.

"Sikujua, Mwalimu," mama akajibu, akimmiminia maji mengine.

Masanduku ya bati ya watoto wengine yalipakiwa kwenye lori la kwenda shuleni. Fotunata alikuwa amekwenda kisimani. Alikaa huko hadi lori lilipoondoka.

Mimi nikaondoka pia. Miaka ya kutangatanga sina haja ya kuieleza, ila niseme kwamba nilipokuwa Kilwa nilimuuliza mama mmoja aliyekuwa anauza pweza wa kukaanga kama ni kweli wana mioyo mitatu. Akanitazama. "Baba, mimi nauza mikono. Mioyo sijui." Nikanunua mkono. Nilifurahi kupita kiasi, kama mtu aliyelipiza kisasi.

Mama alifariki nikiwa mbali. Fotunata aliolewa ziwani, kaskazini kidogo ya Liuli, na mtu mwenye mtumbwi na nyavu, mtu mwema wa maneno machache. Dada mwenyewe ananunua usipa, vile visamaki vyembamba vya ziwani, anavikausha kwenye vichanja vya waya na kuvipeleka sokoni Mbinga. Mwaka juzi nilikwenda kumtembelea. Nilishuka na lori hadi Mbamba Bay, nikapanda bodaboda, nikafika mchana jua likiwa kali.

Nyuma ya nyumba palikuwa na vichanja virefu, vimetandazwa usipa unaong'aa kama bati jipya. Katikati yake, kwenye kigoda, na ufito mrefu mkononi, alikaa mzee mwenye shingo ndefu. Alikuwa anaongea peke yake. Kunguru walikuwa wamekaa kwenye paa la jirani, wanasikiliza kwa mbali.

"Shikamoo, Mwalimu," nikasema. Mdomo ulinitangulia. Sikukusudia kumsalimia.

"Marahaba." Hakunikumbuka mara moja, kisha akanikumbuka. "Wewe ndiye wa kutembea. Unajua kunguru anaweza kukumbuka sura ya mtu miaka mingi?"

Nikampita, nikaingia jikoni. Fotunata alikuwa anachambua usipa mwingine kwenye ungo.

"Yule anafanya nini kwako?"

"Karibu, kaka. Umefika salama?"

"Nimefika. Yule anafanya nini?"

"Analinda usipa. Anaongea mfululizo, kunguru hawatui. Sijapata mtu mzuri kama yeye."

"Umemwajiri?"

"Simlipi. Anakula."

Aliniambia bila kuacha kazi. Mke wa Mwalimu alikuwa amefariki, watoto wake wako mbali, milimani baridi ilikuwa inamsumbua kifua, akashuka kwa ndugu aliyekuwa Liuli. Siku moja akatokea uani kwa Fotunata, akasimama karibu na mpapai, akaanza na habari za papai. Fotunata akamwacha amalize. Kisha akamwambia: Mwalimu, mimi ni yule wa kahawa. Mzee akasema anajua. Akasema ndiyo maana amekuja. Kisha akashindwa kuendelea, akarudi kwenye papai.

"Kwa hiyo hakusema."

"Hawezi. Nilimwangalia, nikaona hawezi, kama mtu asiyeweza kupiga mluzi. Nikampa ufito."

"Umemsamehe, basi."

Hapo ndipo aliposimamisha mikono.

"Nani kasema? Ningemsamehe angekuwa kwao amelala. Sijamsamehe, ndiyo maana yuko juani."

Nilicheka hadi nikalazimika kukaa. Ilikuwa mara ya kwanza kwa miaka mingi kumsikia dada yangu akiongea kama yule mtoto wa kwenye kizingiti. Nikataka kutoka nimwambie mzee yule mambo niliyokuwa nimeyatunza tangu Tunduru. Fotunata akanishika kanzu.

"Kaa. Neema anarudi sasa hivi. Sikiliza kwanza."

Neema ni binti yake, yuko kidato cha pili. Akaja na sare yake, viatu mkononi kwa sababu ya mchanga, akatusalimia, akaweka begi, akachukua sahani ya ugali na mboga iliyokuwa imefunikwa, akaenda nayo nyuma. Sisi tulibaki dirishani. Hakumpa mzee sahani. Alisimama mbele yake ameishika.

"Shikamoo, babu. Ya leo?"

Mzee akajiweka sawa. Nilimwona akirudi kuwa mrefu. "Mwanga wa jua," akasema, "unachukua kama dakika nane kufika hapa."

"Kwa hiyo?" akasema Neema.

Nikamtazama dada yangu. "Ndiyo sheria," akanong'ona. "Watoto wangu wote nimewafundisha. Asipojibu hilo, hali."

Mzee alitazama juu, akafumba macho, akatazama chini. Alijaribu mlango mmoja: "Mwezi nao, mwanga wake..." Neema akatikisa kichwa. "Hapana, babu. Hilo ni lingine. Hili. Kwa hiyo?"

Sijawahi kumwona mtu akifanya kazi ngumu namna ile akiwa amekaa. Jasho lilimtoka. Kunguru mmoja, kwa kuona kimya, akashuka kwenye ukingo wa kichanja, na mzee hakumwona. Sahani ilikuwa inapoa. Nilikuwa nimeshamwandalia dharau yangu yote, ya miaka yote, nikisubiri tembo, au pweza, au miezi kumi na tatu.

"Kwa hiyo," akasema hatimaye, polepole, "jua hili tunaloliona lilishaondoka huko." Akatazama kivuli cha mpapai kilivyosogea. Akatazama usipa. "Kwa hiyo halitungoji." Akagusa kisamaki kimoja. "Kwa hiyo... upande wa juu umekauka. Tugeuze."

Neema akaweka sahani kwenye kigoda. Mzee alikuwa ameshasimama, ameacha ufito, anakwenda kwenye kichanja cha kwanza kwa miguu yake mirefu isiyo na haraka, na kwa mikono miwili akaanza kugeuza.

Aligeuza vibaya. Visamaki vingine vilivunjika, vingine vikaanguka mchangani. Fotunata akafunga kanga yake vizuri kiunoni, akatoka, na bila kumwambia neno akapita nyuma yake akigeuza upya.